Mwenye Gari Ametoa Rambirambi, Fidia Bado

Matanga hayajaanuliwa, wageni wanafika. Ni mwenye gari, au mtu aliyemtuma, pamoja na mzee mmoja anayeheshimika mtaani ili mazungumzo yasiwe mazito. Wanakaa jamvini, wanatoa pole, wanasema ajali haina kinga, kisha bahasha inatolewa. Ndani mna fedha za kusaidia msiba na, mara nyingi, karatasi ya kutia saini. Mjane yuko chumbani na wanawake wenzake. Anayesaini ni shemeji au baba mdogo. Karatasi inasema familia imepokea kiasi fulani na haitadai kitu kingine chochote kutokana na kifo hicho.

Sisemi kwamba kila aletaye bahasha ana nia mbaya. Wengine wanakuja kwa uchungu wa kweli, na mila zetu zinawataka waje. Familia ipokee, ishukuru, imzike mtu wake. Ila karatasi isisainiwe siku hiyo. Wakati huo hakuna mtu aliyekwisha kuteuliwa msimamizi wa mirathi ya marehemu, kwa hiyo shemeji hana mamlaka ya kufuta haki ya mjane wala ya watoto. Mbele ya hakimu karatasi hiyo ina nguvu ndogo kuliko familia inavyoamini. Madhara yake makubwa hutokea nyumbani: kila mtu anaamini jambo limekwisha, hakuna anayeuliza, na miaka mitatu ya kufungua dai inapita. Tanzania, sheria ya ukomo wa mashauri inatoa miaka mitatu kwa madai ya madhara ya namna hii. Kenya nayo inahesabu miaka mitatu tangu siku ya kifo. Wengi hupata habari za haki yao katika mwaka wa nne.

Tumezizoea rambirambi kiasi kwamba zinachukua nafasi ya mjadala mzima hata kwenye misiba ya kitaifa. Mei 6, 2017, basi la Shule ya Lucky Vincent ya Arusha lilitumbukia korongoni Karatu na kuua wanafunzi 32, walimu wawili na dereva. Nchi nzima ililia na michango ikamiminika. Mabishano makali yaliyofuata yalihusu rambirambi: nani azishike, zigawanywe vipi, zimetumika wapi. Kwa kumbukumbu yangu, swali la kila mzazi anadai nini kisheria, kwa nani na kwa njia gani halikupata hata robo ya nafasi hiyo.

Tofauti iliyopo hapa ni ya kisheria. Rambirambi hutolewa na anayetaka, kwa kiasi anachotaka. Fidia ni deni.

Kuelewa jinsi deni hilo linavyopimwa, inabidi turudi London mwaka 1808. Gari la farasi la abiria lilipinduka. Abiria mmoja akaumia, mkewe akafariki dunia mwezi mmoja baadaye. Mume alishtaki wenye gari. Jaji, Lord Ellenborough, aliamua kwamba katika mahakama ya madai kifo cha binadamu hakiwezi kulalamikiwa kuwa ni madhara. Mume alipewa pauni 100 kwa michubuko yake mwenyewe na kwa kukosa mwenzi wake hadi dakika aliyokata roho, basi. Baada ya dakika hiyo sheria haikuona hasara. Kwa miaka karibu 40 iliyofuata, aliyemvunja abiria mguu alikuwa na hatari ya kulipa zaidi ya aliyemuua. Reli zilipoanza kuua watu wengi, Bunge la Uingereza lilitunga sheria mwaka 1846 kuwapa wategemezi wa marehemu haki ya kudai. Sheria hiyo ikasafiri na ukoloni hadi kwetu, na vizazi vyake bado vinatumika: Tanzania ni Sura ya 310 ya sheria za nchi, Kenya ni Sura ya 32.

Tulichorithi ni kipimo. Sheria ile ilikubali kwamba kifo kina hasara, lakini ikaitazama hasara hiyo kama mkate uliokatika mezani. Uchungu wa mama aliyezika mwanawe hauna safu kwenye hesabu. Kenya wanatoa kiasi cha kawaida kwa marehemu kupunguziwa umri wa kuishi, ambacho kwa miaka mingi kimekuwa kama Sh100,000 za nchi hiyo. Kilichobaki ni mapato.

Hesabu yenyewe huenda hivi. Mahakama inauliza marehemu alikuwa akipata kiasi gani kwa mwezi, sehemu gani ilikuwa ikiwafikia wategemezi, na angefanya kazi miaka mingapi zaidi. Kwa mtu mwenye mke na watoto, mahakama za Kenya kwa kawaida huchukua theluthi mbili ya kipato. Kwa kijana asiyeoa anayewasaidia wazazi, theluthi moja. Chukua fundi mwashi wa miaka 35 huko Nakuru, anayepata Sh20,000 kwa mwezi. Mahakama ikikubali miaka 20, hesabu ni 20,000 mara 12, mara 20, kisha theluthi mbili: Sh3.2 milioni. Fundi wa kawaida kabisa, na tayari amevuka kikomo. Tangu mwaka 2006 sheria ya Kenya ya bima ya mtu wa tatu inailazimu kampuni ya bima kulipa si zaidi ya Sh3 milioni kwa kila mtu. Kinachozidi adaiwe mwenye gari, kama anapatikana na kama ana kitu. Unga, karo, kodi ya nyumba na bei ya jeneza vimepanda tangu 2006. Kikomo kimesimama palepale, na sioni sababu ya haki inayoweza kukitetea.

Huyo fundi lakini nimempa kipato kinachojulikana. Wengi wanaokufa barabarani kwetu hawana karatasi ya mshahara. Ni dereva wa bodaboda, mama lishe, mkulima aliyekuwa akivuka barabara na jembe begani, kijana wa kubeba mizigo sokoni Kariakoo. Wakili wa kampuni ya bima anasimama na kuuliza: una uthibitisho gani kuwa alikuwa anaingiza kiasi hicho? Mjane ananyamaza. Hapo ndipo mamilioni yanapotea, kimya kimya, bila mtu kuvunja sheria yoyote. Hakimu anarudi kwenye kima cha chini cha mshahara, au anakisia jumla moja. Jumla za kukisia, nionavyo, huwa na woga ndani yake.

Mahakama ya Rufaa ya Kenya ililiona hili mwaka 2005. Ilikataa hoja kwamba kazi na kipato cha marehemu vinathibitishwa kwa vyeti na nyaraka tu, ikasema msimamo wa namna hiyo utawadhulumu Wakenya wengi wasiojua kusoma, wasioweka kumbukumbu, lakini wanaojipatia riziki kwa njia mbalimbali. Ningependa uamuzi huo ubandikwe kwenye ukuta wa kila ofisi ya madai ya bima, Nairobi na Dar es Salaam. Maana yake ni kwamba ushahidi wa mdomo, ukiwa mzuri, ni ushahidi.

Na ushahidi upo kuliko familia zinavyodhani. Simu ya marehemu isifutwe wala kugawiwa mtoto wa shangazi kabla taarifa ya miamala ya miezi 12 haijaombwa kwa kampuni ya simu. Kwa mama lishe anayelipwa kwa simu, hiyo ni leja kamili. Daftari la kikoba linaonyesha alikuwa akiweka hisa ngapi kila wiki, na asiye na kipato haweki hisa. Kuna risiti za ada, mkataba wa pango, kitambulisho cha mjasiriamali, hesabu aliyokuwa akimpelekea mwenye pikipiki kila jioni. Mwenye pikipiki huyo anaweza kusimama kizimbani akasema: alikuwa ananiletea shilingi elfu kadhaa kwa siku, kinachobaki chake. Wateja wa miaka mingi wanaweza kusema. Mwenyekiti wa soko anaweza kusema. Vitu hivi vinatakiwa kukusanywa ndani ya wiki za mwanzo, kwa sababu baada ya mwaka madaftari yanaliwa na mchwa na mashahidi wanahama.

Kuna marehemu mwingine ambaye hesabu hii humkosea zaidi: mama wa nyumbani. Hakuwa na mshahara, kwa hiyo inasemwa hakuna kipato kilichopotea. Lakini muulize mume aliyebaki na watoto wanne. Kuanzia wiki ya kwanza analipa dada wa kazi, ananunua chakula kilichokuwa kikilimwa, anakosa siku za kibarua kumpeleka mtoto kliniki. Hizo ni gharama zinazohesabika kwa shilingi, na mahakama zimeshakubali kwamba kazi ya mke na mama nyumbani ina thamani ya fidia. Tatizo ni madai yanayoandikwa bila kuitaja. Wakili akiandika tu "hakuwa na ajira", ameshatoa nusu ya dai.

Kwa watoto hesabu ni ngumu zaidi, maana mtoto hajaanza kuleta kitu nyumbani. Mahakama ya Rufaa ya Kenya mwaka 1986 ilitambua kile kila mzazi wa huku anachokijua, kwamba katika jamii zetu mzazi hutarajia, na kwa kawaida hupata, msaada wa mwanawe uzeeni. Hiyo ni haki inayodaika.

Sasa kuna jambo la kosa. Ili mtegemezi alipwe, lazima ionekane kuwa kifo kilitokana na uzembe wa dereva. Familia nyingi hazijui kwamba kazi kubwa ya kuthibitisha hilo inaweza kufanywa na mtu mwingine, bure, kwenye kesi ya usalama barabarani. Sheria za ushahidi za Tanzania na Kenya zote zinasema dereva akitiwa hatiani na muda wa rufaa ukapita, au rufaa yake ikashindwa, hukumu hiyo ni uthibitisho wa kosa lake. Dereva mara nyingi hukiri asubuhi moja, analipa faini, anaondoka. Kesi ilikuwa kati ya Jamhuri na dereva. Ndugu wa marehemu hawakuitwa, hawakujua hata tarehe. Nakala ya hukumu ile iliyothibitishwa kwa muhuri wa mahakama inaweza kuwa karatasi yenye thamani kubwa kuliko zote katika dai lao, na inalala kwenye kabati la masjala bila mtu kuiomba.

Dereva akifa naye, hakuna kesi ya jinai. Hapo inabaki ramani ya ajali iliyochorwa na askari wa usalama barabarani, ripoti ya ukaguzi wa gari na abiria walionusurika. Majina na namba za simu za manusura yachukuliwe mapema, hata hospitalini.

Ndani ya basi moja sheria inaweza kuwatendea maiti wawili kwa namna mbili. Kondakta mwenye ajira anahesabiwa kafia kazini, na familia yake Tanzania Bara inaweza kwenda Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, ulioundwa kwa sheria ya mwaka 2008 na kuanza kazi Julai 2015. Mfuko hauanzi kwa kubishana nani alizembea. Abiria aliyekaa kiti cha nyuma yake, familia yake inapaswa kuthibitisha uzembe kwanza. Na yule deiwaka aliyeshika usukani kwa siku moja, bila mkataba, bila jina lake kuwasilishwa popote? Huyo anaweza kujikuta nje ya milango yote miwili.

Kigezo cha uzembe kinalemewa kabisa na msiba kama wa Msamvu, Morogoro, Agosti 10, 2019. Lori la mafuta lilipinduka, watu wakakimbilia kuchota petroli, moto ukalipuka, zaidi ya watu 100 wakapoteza maisha. Kwa mantiki ya uzembe mtu anaweza kutumia miaka kumi akibishana kama dereva ndiye chanzo au waliochota walijitakia. Watoto waliobaki wanahitaji kula katika miaka hiyo kumi.

Nirudi nyumbani kwa marehemu, kwa sababu adui mwingine wa mjane anakaa pale pale jamvini. Kikao cha ukoo kinakaa, muhtasari unaandikwa, Mahakama ya Mwanzo inamteua msimamizi. Mara nyingi ni kaka wa marehemu. Hundi ya bima inatoka kwa jina lake, na anaigawa kama anavyogawa shamba na ng'ombe: huyu kaka, yule dada, kiasi cha kujengea kaburi. Hilo ni kosa. Fidia ya wategemezi haikuwahi kuwa mali ya marehemu; yeye hakuwahi kuimiliki hata siku moja. Ni hasara ya walio hai waliokuwa wakila kwa jasho lake. Sheria ya Kenya inawataja: mke au mume, wazazi na watoto, na ndani ya wazazi inawaweka babu na bibi, ndani ya watoto inawaweka wajukuu na watoto wa kambo. Kaka hayumo. Msimamizi ni mkono wa kupokelea tu, na kila mtegemezi ana fungu lake ambalo mahakama inaweza kulitaja kwa kiasi. Mjane amwombe wakili wake ahakikishe hukumu au makubaliano yanaandika mafungu hayo kwa majina. Fungu la mtoto mdogo linaweza kuombewa amri ya kuhifadhiwa benki hadi atimize miaka 18. Nimeona mashemeji wakibadili sauti kabisa baada ya kusomewa majina hayo na hakimu.

Kuna familia zinazofanya yote haya sawasawa na bado hazilipwi, kwa kuwa hakuna wa kulipa. Gari lilimgonga mtu usiku likakimbia. Au stika ya bima ilikwisha muda wake wiki mbili kabla. Au kampuni ya bima imeanguka: Kenya iliiweka United Insurance chini ya usimamizi maalumu mwaka 2005 na Blue Shield mwaka 2011, zote kampuni zilizokuwa na magari mengi ya abiria, na wenye hukumu mkononi wakabaki wakisubiri. Mfuko wa nchi hiyo wa kuwafidia wenye bima wa kampuni zilizofilisika una kikomo cha Sh250,000 kwa dai. Ulinganishe na Sh3.2 milioni za fundi wetu.

Rwanda imechukua njia nyingine. Ina mfuko maalumu wa dhamana unaowalipa walioumizwa na familia za waliouawa na gari lisilojulikana au lisilo na bima. Kama Kigali wanaweza, Dodoma na Nairobi hazina kisingizio. Afrika Kusini ina mfuko mkubwa zaidi unaolishwa na tozo kwenye kila lita ya mafuta, lakini imeendelea kudai uthibitisho wa uzembe, na fedha nyingi zimekwenda kwenye mashauri huku madeni ya mfuko yakirundikana. Hilo ni onyo: mfuko bila kubadili kigezo unahamisha ugomvi kutoka ofisi moja hadi nyingine.

Wenzetu walio kazini Ghuba wanajua mfumo tofauti. Sheria ya Falme za Kiarabu imeweka dia, yaani fidia ya damu, ya dirhamu 200,000 kwa aliyeuawa kwa ajali ya barabarani. Haiulizi karatasi ya mshahara. Sishauri tuichukue sheria hiyo kama ilivyo, lakini kuna kitu ndani yake ninachokitaka: kiasi cha chini kinachojulikana na wote kabla ya ajali, sawa kwa mkurugenzi na kwa mbeba mizigo.

Ninachopendekeza ni hiki. Kila kifo kinachosababishwa na chombo cha moto barabarani kilete malipo ya awali ya kiasi maalumu kwa wategemezi, ndani ya siku 30, bila kuthibitisha uzembe. Kama gari lina bima, kampuni ilipe. Kama halina au halijulikani, mfuko wa dhamana unaochangiwa na sehemu ndogo ya kila ada ya bima ulipe na umfuate mwenye gari baadaye. Malipo hayo yakatwe kwenye fidia kamili familia ikishinda kesi, yasiifute. Kiasi kipitiwe kila baada ya miaka michache kwa kufuata bei za vitu, kisije kikaganda kama kikomo cha bima cha Kenya.

Watakaopinga watasema ada itapanda na mwenye bodaboda ataumia. Ni hoja ya haki na inastahili jibu. Lakini mwenye bodaboda na abiria wake ndio hao hao wanaokufa, na leo gharama ya vifo hivyo haijafutika. Inalipwa na bibi kijijini anayelea wajukuu watatu bila senti ya mtu. Kampuni za bima nazo zitapumua: malipo ya awali yanayojulikana yanapunguza soko la madalali wa ajali wanaowavizia ndugu kwenye milango ya mochwari na kula fungu kubwa la kila dai.

Sheria itachukua muda. Kuna jambo ambalo halihitaji Bunge. Askari wa usalama barabarani anaporuhusu mwili uchukuliwe kwa mazishi, aikabidhi familia karatasi yenye namba ya gari, jina la mmiliki, jina la kampuni ya bima na namba ya stika, namba ya jalada, na baadaye tarehe ya dereva kufikishwa mahakamani. Tanzania stika za bima zinahakikiwa kwa simu kwenye mfumo wa TIRA, mamlaka ya usimamizi wa bima; ni kazi ya dakika chache. Afande anazo taarifa hizo kwenye jalada siku ya kwanza. Familia huzipata, kama inazipata, baada ya kuzunguka vituoni kwa miezi huku miaka mitatu ikihesabiwa.